Moto wa Ndani, Vita vya Nje

Barazani, mbele ya washairi wasiopungua sita, nilizisikia hukumu mbili juu ya filamu moja, na zote mbili zilinikera. Ya kwanza ilitoka kwa mwenzetu ninayemheshimu kwa tenzi zake: kwamba Agni Natchathiram ni picha ya ngumi kama picha nyingine za ngumi, na mtu wa vina na mizani hana la kulitafuta humo. Ya pili ilitoka kwa kijana aliyekuwa akimjibu: kwamba filamu hiyo ni johari tupu, maadamu taa zake zinapendeza na muziki wake ni wa Ilaiyaraaja, na mwenye macho na masikio asiulize zaidi. Huyu wa kwanza hakuitazama filamu. Huyu wa pili alizitazama taa mpaka hakuwaona watu. Mimi nimeitazama mara nne, na ninadai kwamba ndani yake mna jambo zito kuliko wanavyodhani wote wawili, na kwamba mtunzi wake alilishika jambo hilo mkononi, likamuunguza, akalitupa.

Kwanza tuondoe vumbi. Sisi tuliokulia kwenye viti vya Majestic na Empire pale Mji Mkongwe tumezoea kuita kila kitokacho upande ule wa bahari “picha ya Kihindi”. Hii si picha ya Kihindi. Ni picha ya Kitamil, na Kitamil si lahaja ya Kihindi wala si binamu yake. Ni lugha ya ukoo mwingine kabisa, ukoo wa Kidravida, yenye fasihi iliyoandikwa tangu kadiri ya miaka elfu mbili iliyopita. Anayewachanganya Watamil na Wahindi wa kaskazini ni sawa na yule mgeni ashukaye bandarini kwetu akadhani Kiswahili ni Kiarabu kilichopotea njia. Tunamcheka mgeni huyo. Basi tusifanye alivyofanya.

Filamu yenyewe iliandikwa na kuongozwa na Mani Ratnam, ikatoka Aprili 1988, miezi kama sita baada ya Nayakan iliyompa jina kubwa. Katika kuitengeneza alishirikiana na kaka yake, G. Venkateswaran, kwa hiyo hadithi ya ndugu ilitengenezwa na ndugu. Wahusika wakuu wawili waliigizwa na Prabhu na Karthik, na wote wawili ni wana wa waigizaji: Prabhu ni mwana wa Sivaji Ganesan, Karthik ni mwana wa Muthuraman. Kila mmoja alikuja mbele ya kamera akiwa amelibeba jina la baba. Sidhani kama Mtamil wa mwaka 1988 aliweza kuwatazama vijana wale bila ya kuyakumbuka hayo.

Sasa jina. Wengi hulitafsiri neno kwa neno, wakasema “Nyota ya Moto”, wakaridhika. Tafsiri hiyo ni sahihi katika kamusi na imekufa katika maana. Kwa Watamil agni natchathiram ni majira: ni zile siku kadiri ya ishirini na tano, tangu mapema mwezi wa Mei, ambazo joto hufikia kilele chake, lami ikalainika na watu wakakimbilia vivulini. Ni jina la kalenda, analolijua mwuza mboga. Tungetaka kulileta kwetu tungelazimika kutafuta neno la joto lile la mwezi wa pili na wa tatu, upepo ukiwa umekufa na masika bado haijatia nia. Lililo zuri zaidi ni kwamba filamu hii ilipohamishwa lugha ilibadilishwa jina, na kila jina ni fasiri. Ilipotiwa sauti za Kitelugu iliitwa Gharshana, yaani msuguano. Ilipotengenezwa upya kwa Kihindi, mwaka 1992, iliitwa Vansh, yaani nasaba. Watamil waliliona joto, Watelugu wakaona vitu viwili vinavyosuguana, na wale wa kaskazini wakauona ukoo. Siipendi ile filamu ya mwaka 1992, lakini nakiri kwamba aliyechagua jina lake ndiye aliyeisoma hadithi kuliko wenzake, kwani hadithi hii ni ya nasaba tangu mwanzo.

Kisa ni hiki. Viswanath, ofisa mkubwa wa serikali, ana nyumba mbili. Katika ile ya kwanza yupo Sushila na mwanawe Gautham. Katika ile ya pili yupo Kamala na wanawe, Ashok na binti Mallika. Gautham anaingia polisi kama ofisa. Ashok hana kazi. Wanajuana, wanakutana, na kila wakikutana hewa hubadilika: kwanza macho, kisha maneno, kisha mikono. Baadaye baba anakabidhiwa tume ya kumchunguza tajiri mmoja mwovu, Chidambaram. Tajiri anapanga kumuua. Baba anajeruhiwa na kulazwa. Na usiku wa hospitali, wauaji wanapokuja, wana wale wawili wanasimama bega kwa bega. Mapenzi yamo, na wasichana wawili wa kupendwa wamo, na bwawa la kuogelea limo. Hayo nayapita, kwa kuwa filamu nayo huyapitia kama msafiri anayesimamisha gari kununua maji.

Yaliyo mema katika kazi hii si haba, nami sitaki nionekane mchoyo. Mpiga picha P. C. Sreeram aliliacha jua liingie ndani ya kioo cha kamera. Mafundi wa siku zile walikuwa wakiukimbia mwale wa jua kama wanavyokimbia mvua. Yeye aliukaribisha, akawapiga watu picha huku mwanga u nyuma yao, kingo za nywele na mabega zikiwaka na nyuso zimo gizani. Mtu anayeitwa Ashok tunamwona mara nyingi kama kivuli chenye ukingo wa moto. Katika vita vile vya hospitali taa huwaka na kuzimika kwa kasi, na kila inapowaka watu wamo mahali pengine, hata mtazamaji hajui tena ni mkono wa nani uliomgusa nani. Huo si urembo wa bure. Kwa muda wa dakika chache macho yetu hayawezi kumtenga mwana wa nyumba hii na mwana wa nyumba ile. Taa ilisema lile ambalo mwandishi wa maneno hakulisema.

Na muziki. Miongoni mwa nyimbo ambazo maneno yake yalitungwa na Vaali upo mmoja uitwao Thoongatha Vizhigal, wimbo wa mapenzi kati ya Gautham na Anjali, na Ilaiyaraaja aliujenga juu ya raga Amritavarshini. Raga, kwa asiyejua, ni mfumo wa sauti wenye tabia yake, karibu na vile wapiga udi wetu wanavyoielewa maqamu. Jina la raga hii lina maana ya mvua ya maji ya uzima, na Watamil husimulia kwamba mtunzi Muthuswami Dikshitar, aliyefariki mwaka 1835, aliiimba katika nchi kavu ya Ettayapuram na mvua ikanyesha. Haya, tazama: filamu imepewa jina la siku za kiangazi kikali kuliko vyote, na katikati yake mwanamuziki anaimba sauti ya kuita mvua. Kama alikusudia au hakukusudia, si kitu. Tungo hupimwa kwa lililomo. Ila mimi nina neno moja la ukorofi. Mvua ile amepewa Gautham, mwana wa nyumba ya kwanza. Yule wa nyumba ya pili, ambaye ndiye anayeungua, hakunyeshewa.

Hapo ndipo ninapotaka kuingia, kwa sababu ndipo watazamaji wetu wa pwani wanapopotea. Mtu wa kwetu akiitazama filamu hii huona jambo analolijua tangu utotoni: mume mmoja, wake wawili, watoto wa baba mmoja. Husema: hii ni habari ya uke wenza. Huwaonea huruma akina mama, husema wana wana wivu, na hungoja wapatane. Ndiyo maana hata wale wanaoipenda huipenda kwa sababu ndogo. Kwetu mke wa pili aliyeolewa kwa mahari na mashahidi ni mke, na mwanawe hana doa. Akigombana na ndugu yake, wanagombea mapenzi ya baba au shamba la mikarafuu. Hawagombei kuwapo.

Lakini Viswanath na jamaa zake si Waislamu. Ni Wahindu wa Tamil Nadu. Jimbo la Madras lilipiga marufuku Mhindu kuoa mke wa pili tangu mwaka 1949, na sheria ya ndoa ya Kihindu ya mwaka 1955 ikaifanya marufuku hiyo kuwa ya India nzima: ndoa ya pili, wa kwanza akiwa hai na hajaachwa, ni batili kana kwamba haikuwa, na ni kosa la jinai. Nyumba ya Kamala, basi, kwa macho ya sheria si nyumba ya mke mwenza. Ni ile ambayo watu wa mijini kwetu huiita nyumba ndogo. Marekebisho ya mwaka 1976 yaliwapa watoto wa ndoa hizo batili uhalali wao, ila hawakuwapa haki kamili katika mali ya ukoo. Wakarithi kwa wazazi tu. Mjadala huo ulikuwa hai hata miaka thelathini na mitano baada ya filamu kutoka, pale Mahakama ya Juu ya India, mnamo Septemba 2023, ilipoamua kwamba watoto hao wana haki pia katika lile fungu ambalo mzazi wao angelipata lau mali ya ukoo ingegawiwa. Nayasema haya ili tuelewe Ashok anaunguzwa na nini. Yeye ni mtoto ambaye dola inamkubali na inamkana mama yake. Hakuna ngumi inayoweza kulimaliza hilo, na yeye anayo ngumi tu. Ndugu yake ana cheti, na juu ya cheti ana sare, na juu ya sare ana bastola.

Mwandishi aliyeyaweka haya mezani ameandaa karamu. Sasa tumwulize: yuko wapi baba?

Viswanath ameigizwa na Vijayakumar kama mzee mpole, mwenye heshima zake, mtumishi asiyenunulika. Tajiri mwovu anamwogopa kwa sababu hiyo hiyo: hahongeki. Uadilifu wake ndio unaoiendesha hadithi. Na mimi nasema kwamba hapo ndipo filamu inapoficha kadi. Kanuni za utumishi za India, tangu miaka ya 1960, zinamkataza ofisa wa serikali kuoa mke wa pili hali wa kwanza yuko hai. Mtu huyu anayeketi kuhukumu uvunjaji wa sheria wa mwenziwe ameishi miaka zaidi ya ishirini katika uvunjaji wa sheria, mchana kweupe, mji mzima ukijua. Huo ungeweza kuwa mkasa mkubwa! Chidambaram angekuwa na akili hata kidogo asingehitaji wauaji; angehitaji karani mmoja na kipande cha karatasi. Lakini filamu haitaki kumtia baba mashakani. Wana humlaumu mara moja mbili, sauti ikapanda, kisha lawama hufunikwa. Mwishowe baba hulazwa kitandani, na mtu aliye kitandani, mwenye bendeji, hahojiwi. Jeraha limemtoharisha. Kila mwandishi wa tamthilia mvivu, wa Madras au wa Mombasa, anaijua hila hiyo: ukitaka mhusika asijibu swali, mpige risasi au mgongeshe gari.

Nawaomba sasa wapenzi wa ushairi wanisogelee, kwa sababu kipimo nitakachokitumia nimekichukua kwa Watamil wenyewe, si kwa Wazungu wala si kwetu. Washairi wao wa kale, wale wa zama zinazoitwa Sangam, waliugawa ushairi wote mafungu mawili. Moja waliliita akam, yaani ndani: mambo ya mapenzi na nyumba, ambamo hatajwi mtu kwa jina. La pili waliliita puram, yaani nje: vita, wafalme, sifa na vilio vya mashujaa. Fungu la ndani likagawika kwa mandhari, na kila mandhari ilikuwa na hali yake ya moyo. Milima ni ya wapendanao kukutana. Msitu ni wa mke anayesubiri kwa saburi. Ufuo wa bahari, na hapa sisi watu wa visiwani tusikie, ni wa kungoja kwa majonzi, wakati wa magharibi. Jangwa kavu, la adhuhuri na la kiangazi, ni la kutengana. Na nchi ya mashamba ya mpunga, iliyotulia na iliyoshiba, waliitenga kwa ajili ya jambo moja: mume aliyekwenda kwa mwanamke mwingine, na mkewe aliyenuna.

Haya mashairi ya mashamba ya mpunga, yaitwayo marutam, yana desturi moja ambayo sijaiona penginepo kwa wingi namna hiyo. Mume amerudi alfajiri, amesimama mlangoni. Wanaosema ni wanawake. Anasema mke, anasema shoga yake, na mara nyingine anasema yule mwanamke wa upande wa pili, kwa kejeli na kwa fahari yake. Mume anasubiri afunguliwe. Miaka elfu mbili iliyopita, katika lugha hiyo hiyo ya filamu yetu, mlango ulikuwa wa mwanamke na maneno yalikuwa yake.

Ipime sasa Agni Natchathiram. Jina lake ni la jangwa, la adhuhuri ya kiangazi. Kisa chake ni cha mashamba ya mpunga. Lakini waliosimama mlangoni wakipiga kelele ni vijana wa kiume, na waliopokonywa maneno ni Sushila na Kamala. Hawakunyamazishwa kabisa, la. Jayachitra, aliyemwigiza Kamala, ana uso unaosema mengi kuliko alichoandikiwa. Lakini kila wanachoandikiwa ni maji ya kuuzima moto wa watoto: mwanangu tulia, mwanangu yule ni baba yako. Hakuna hata mmoja anayepewa onyesho la kumtazama Viswanath machoni na kumwuliza: kwa nini? Nami nimeitazama mara ya nne makusudi, nikilitafuta onyesho hilo. Halimo.

Basi filamu ilianza ndani, na ilipoona joto la ndani ni kali ikakimbilia nje. Chidambaram ni adui wa kukodi. Hana uhusiano wowote na jeraha la nyumba hizi mbili. Ameletwa ili vijana wapate mtu wa kumpiga ambaye si baba yao wala si wao wenyewe. Akishapatikana, akam inageuka puram, nyumba inageuka uwanja wa vita, na swali linabaki limelala chali pembeni kama kiatu kilichovuka mguuni katika mbio. Wanaoisifu filamu husema: ndugu wamepatana. Nawauliza, wamepatana juu ya nini? Wamekubaliana kwamba baba asiuawe. Jambo hilo hata majirani wangekubaliana nalo.

Nije kwenye kichekesho. Wahakiki wa filamu hii, hata wanaoipenda, wamezoea kusema kwamba ile sehemu ya V. K. Ramasamy na Janagaraj ni kipande kilichoshonwa kwa nguvu, hakihusiani na hadithi, nacho kingekatwa isingepungua kitu. Mimi nakataa. Kinahusiana mno, na ndiyo maana kinaniudhi. Kichekesho chenyewe ni cha mume ambaye furaha yake yote, hata anaruka na kupiga mayowe, ni kwamba mkewe amesafiri kwenda kwao, na sasa mlango u wazi afanye atakalo. Ukumbi uliangua kicheko, na kicheko kile Watamil wanakikumbuka hadi leo. Hebu kiweke kando ya hadithi. Upande mmoja tunaambiwa tusikitike, kwa kuwa mume mmoja alitoka nje na watoto wakaungua kwa miaka ishirini. Upande wa pili tunaambiwa tucheke, kwa kuwa mume mwingine yu njiani kutoka nje. Mkono wa kulia unafuta kile mkono wa kushoto ulichoandika. Mtunzi ambaye angeliamini jambo lake asingethubutu kuviweka viwili hivyo katika chano kimoja. Au angeviweka makusudi, mpaka kicheko kimkwame mtu kooni. Hapa hakuna kinachokwama.

Kuna na suala la tafsiri, ambalo ni kazi yangu na kwa hiyo mtanisamehe nikikawia. Filamu hii inatufikia sisi kwa maandishi ya Kiingereza yanayopita chini ya picha, na Kiingereza kina neno moja tu la kaka na mdogo mtu. Kitamil cha kila siku hakina neno hilo moja. Kina annan, kaka mkubwa, na thambi, mdogo wa kiume. Huwezi kumtaja ndugu yako bila ya kwanza kukubali nani alitangulia. Kwa ndugu wa toka nitoke hilo si tatizo. Kwa wawili hawa waliochangia baba ni mwiba, maana anayemwita mwenzake annan amekwisha kuikubali nyumba ile kuwa mbele ya nyumba yake. Kijana anaweza kuikubali miaka na asiikubali nyumba. Sisi tungeweza kulifikisha vizuri zaidi: tuna “kaka”, tuna “mdogo wangu”, na tuna “ndugu” inayofunika wote na isiyomweka yeyote juu. Laiti mtu angeitia filamu hii Kiswahili, mvutano wote ungeweza kusikika katika kuchagua kati ya maneno hayo matatu. Anayeisoma kwa Kiingereza anapata ngumi na anakosa salamu.

Mani Ratnam mwenyewe hakuachana na habari hii, na hilo linanithibitishia kwamba mwaka 1988 hakuimaliza. Mwaka 1991 alitoa Thalapathi, juu ya msingi wa kisa cha Karna katika Mahabharata: safari hii ndugu wawili wamechangia mama, mmoja aliachwa akiwa mchanga na akakulia katika umaskini na ghasia, mwingine ni mkuu wa wilaya anayeisimamia sheria. Linganisha namna wazazi wawili hawa wanavyotendewa. Mama wa Thalapathi, aliyezaa akiwa msichana mdogo, analipa kosa lake kwa machozi ya filamu nzima; kila anaposikia mlio wa treni anamkumbuka mtoto aliyemwacha ndani yake. Baba wa Agni Natchathiram, mtu mzima, msomi, mwenye cheo, halipi chochote ila siku chache za hospitali. Huyo alikuwa na chaguo na huyu hakuwa nalo, na hesabu imeandikwa kinyume. Bado nasema Thalapathi ni kazi kubwa zaidi, kwa sababu jeraha lake haliachwi: hata katika mapigano unajua kila mtu anapigania nini. Mwaka 2018 akarudi tena na Chekka Chivantha Vaanam, ndugu watatu wana wa jambazi, na hapo hatimaye baba akawa shabaha na aliyemlenga akawa mwanawe. Watu walilalamika kwamba filamu hiyo ina baridi na haina mtu wa kumpenda. Labda. Lakini mkono ulioogopa kumgusa baba mwaka 1988 haukuogopa tena.

Nayajua majibu nitakayopewa. Nitaambiwa kwamba filamu ya kuuza tiketi haiwezi kubebeshwa mzigo wa mahakama na wa washairi wa kale, na kwamba watu walilipa kuona vijana wawili warembo wakipigana, wakaona, wakaridhika. Sijapinga. Lakini sikuuleta mimi mzigo huo. Aliuleta mwandishi alipochagua nyumba mbili badala ya moja. Angetaka ngumi tupu, angetengeneza majirani wawili wanaogombea mpaka. Nitaambiwa tena kwamba natazama kwa jicho la leo kazi ya juzi. Sheria ya mwaka 1955 ilikuwa na umri wa miaka thelathini na mitatu filamu ilipotoka, na mashairi ya marutam yalikuwa na karne ishirini. Mimi ndiye mgeni wa karibuni katika orodha hiyo.

Kwa yule mwenzangu wa tenzi, ninayo diski na yu radhi kuiazima. Aanzie saa ile ya hospitali, aipunguze sauti ya wauaji, awaache vijana wapigane gizani bila yeye, na awatafute akina mama wawili wako wapi.